Noti za Mzee Octavian Zapata Kioo

Mzee Octavian wa Chemchem huimba sauti ya nne, ile nzito kuliko zote. Siku moja aliimba karibu na mzinga, nyuki wakahama. Asali ikabaki inatetemeka siku tatu. Anayebisha awaulize nyuki.

Lakini sasa macho yake yamechoka. Wimbo mpya wa kwaya umo ndani ya tableti ya mkewe, Advera. Mzee akizikuza noti, anaona neno moja tu. Wenzake wakifika amina, yeye bado yuko mwanzo.

"Leo jioni ni mazoezi ya mwisho," alisema. "Nikikosea tena, narudisha joho."

Advera alitoa monita ya kompyuta aliyoiacha binti yao. Akachukua waya wa kuchajia, akaunganisha tableti na monita. Tableti ikaanza kujaa chaji. Monita ikabaki nyeusi.

"Imekula umeme, picha imetunyima," alisema mzee.

Wakamwita jirani yao Zuena, fundi wa simu.

"Shikamooni."

"Marahaba. Mwokoe mama yako, ameshindwa na kioo."

"Na wewe umeshindwa na wimbo," alijibu Advera.

Zuena akacheka. "Mama, waya huu ni wa chaji tu. Picha inataka adapta, kifaa kidogo cha kuitoa kwenye tableti. Adapta unaichomeka hapa, kwenye tundu la kuchajia la tableti. Kisha waya wa HDMI unatoka kwenye adapta kwenda kwenye monita."

"Basi nikanunue yoyote?"

"Hapana. Si kila tableti inatoa picha kwa waya. Nenda nayo dukani, ujaribu adapta kwanza. Hii yako inakubali."

Zuena akaunganisha kwa adapta yake mwenyewe. Bado giza.

"Si nilisema!" alidakia mzee.

"Subiri, baba. Monita ina matundu mawili. Lazima tuiambie itumie lipi."

Zuena akabonyeza kitufe cha chini, akachagua HDMI. Noti zikatokea, kubwa kama maharage. Akachomeka chaja pembeni mwa adapta. "Isije ikazima katikati ya wimbo."

Jioni monita iliwekwa mbele ya kwaya. Mzee aliimba na wenzake, neno kwa neno. Ghafla akanyamaza, akanyoosha kidole.

"Kumbe hapa tunapumzika mapigo mawili!"

"Miaka arobaini, kila wimbo, tunakusubiri uone pa kupumzika," alisema Advera.

Joho halikurudishwa. Na nyuki? Nasikia wameanza kurudi.