Picha Ndani ya Jeneza

"Samaki kachomoka mtegoni." Sauti ya mkuu wake wa polisi, Magdalena, ilikwaruza sikioni mwa Sauda. "Unamwona?"

"Namwona. Yuko ndani ya jeneza."

"Rudia."

"Wameitia picha kwenye jeneza la msikiti, mkuu. Mchana kweupe. Wanaelekea gatini."

Sauda alikanyaga breki. Pikipiki yake ya Boxer ikaserereka, vumbi la Kilwa Masoko likamrukia hadi kwenye kofia. Kiunoni ana bastola, Glock 19. Juu angani droni yake ya DJI inazunguka kama mwewe.

Vyote bure.

Msiba haupigwi risasi.

Na Abilahi, mwizi mwenyewe, alilijua hilo, mtoto wa Kilwa yule. Alijua jeneza likipita, muuza pweza ataacha kikaango, fundi baiskeli atatupa spana, kila mwanamume ataingiza bega hatua chache apate thawabu. Alitoka na vijana wake wa kukodi tu. Sasa barabara nzima ilikuwa nyuma yake inasoma tahalili. Ukuta wa watu wema, wanamlinda mwizi bila kujua.

Sauda alisaga meno.

Picha ile imechorwa juu ya ubao wa mvule, na nyumba inamotunzwa iko nyuma ya soko. Nani kaichora, hakuna ajuaye. Ila mtu wa Kilwa akichukuliwa na bahari na mwili usionekane, hutokea humo. Anatembea, anacheka, anashona nyavu. Haruna, kaka yake Sauda, yumo. Kila Ijumaa mama yao huenda kukaa mbele yake, akamsimulia umbea wa wiki nzima, na Haruna hucheka mpaka akashika mbavu. Picha ikivuka maji ya Kilwa, rangi inakufa na waliomo wanapotea moja kwa moja.

Roskam, tajiri mgeni aliyekuwa akiingoja gatini kwenye boti lenye injini mbili za Yamaha, aliambiwa hayo. Jibu lake lilinaswa kwenye simu: "Wafu hawana malalamiko."

Na Abilahi? Abilahi alifuturu kwa kina Sauda Ramadhani nzima, sahani moja na Haruna alipokuwa hai.

"Usifyatue," Magdalena alisema. "Ukiligusa hilo jeneza watakumaliza wao."

"Najua."

"Una nini, basi?"

"Khanga."

Alivua kofia, akajitanda, akasimama katikati ya njia na kuangua kilio.

"Jamani nani katutoka? Mbona mnatuficha? Mbona msikitini hawakutangaza?"

Milango ikafunguka. Masoko unaweza kuficha bunduki. Mimba utaificha miezi kadhaa. Msiba, thubutu. Wanawake walimwagika barabarani, mbele yao Bi Maimuna wa vitumbua, unga hadi viwikoni.

"Nani kafa na mimi sijui?" aliuliza kwa ukali, kama aliyeibiwa.

"Mgeni, mama. Tupishe," Abilahi alijibu. "Tunamrudisha kisiwani kwao Songosongo."

"Songosongo nimezaliwa mimi. Mgeni wa nani?"

Mwendo ukapungua. Abilahi akalamba midomo. Angenyamaza, angepita. Lakini mtu wa pwani ukimuuliza wa nani, ulimi unajibu wenyewe.

"Kibwana. Kibwana wa Mzee Khamisi, yule mzamiaji."

Bi Maimuna alishika kifua. Kisha akaichomoa simu yake ya Tecno kibindoni, akapiga, akaweka sauti ya nje.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Kibwana, uko wapi?"

"Nyumbani, nakunywa chai. Kuna nini?"

"Umekufa. Uko hapa Masoko, unabebwa."

"Mimi?" Simu ilikwaruza. "Na nani kaniosha?"

Tahalili ilikatika. Mzee aliyeshika mpini wa mbele aliwaashiria wenzake, wakalishusha jeneza taratibu. Akafunua kitambaa. Harufu ya mwani ikapanda. Ndani ya ubao watu walikuwa wamegeuza nyuso, na Haruna, nyavu mkononi, alitazama juu kama mtu aliyeamshwa vibaya.

"Tumemwombea mwizi safari njema," mzee alisema. Akamgeukia Abilahi. "Umetutia dua mdomoni ili tukubebee wafu wetu ukawauze."

Abilahi alichomoa bastola.

Hakuifikisha usawa wa kifua. Kiwiko cha Sauda kilitua kooni, bastola ikadondoka, yeye akafuata. Goti la Sauda likamkandamiza mgongoni kwenye vumbi.

"Sauda, dada yangu," alikoroma. "Nimekula kwenu."

"Ndiyo maana bado unapumua."

Akamfunga pingu, akazikaza zaidi ya inavyotakiwa.

Sikioni, Magdalena: "Boti la polisi limemziba Roskam. Anapiga kelele anataka wakili."

"Mpe maharage ya selo kwanza."

Wanaume walilinyanyua tena jeneza, wakageuka kulielekea soko, wakisukumana kugombea mpini. Hakuna aliyewaongoza. Wanawake walitangulia kufungua mlango. Abilahi alikaa mavumbini, na kila aliyempita alimtemea mate pembeni ya mguu.

Sauda alivaa kofia.

"Umefyatua risasi ngapi?" Magdalena aliuliza.

"Hata moja."

"Niletee ripoti kabla habari haijavuja."

Sauda aliangalia barabara. Bi Maimuna alikuwa ameshapanda bodaboda, simu sikioni, mkono mwingine unachora hewani jinsi kiwiko kilivyotua.

"Umechelewa, mkuu," alisema, akaipiga kiki pikipiki, akaondoka.