Kofia ya Shaba

Kioo cha ile kofia kilikuwa na ukungu, na ukungu wenyewe ulikuwa kwa ndani.

Sakelaris aliufuta kwa kiganja, haukutoka. Akafuta kwa pindo la fulana. Wapi! Ndipo alipogundua kwamba anasugua nje wakati unyevu uko ndani, kama dirisha la jikoni siku ya kuchemsha nyama. Sasa nani alikuwa amepumua humo, na kofia yenyewe imelala chini ya magunia bandani kwa marehemu babu yake tangu kabla ya yeye kuzaliwa?

"Baba, unaongea na nani?" Themelina aliuliza kutoka omo, mbele ya boti, alikokuwa anakunja tanga.

"Siongei na mtu."

"Midomo inacheza. Uzee huo."

"Uzee wako wewe. Angalia wageni wamefika."

Msichana alicheka. Alikuwa na miaka ishirini, mtoto pekee wa Sakelaris, na Septemba angeolewa na kijana wa kiwanda cha asali. Kazi ya boti aliijua kuliko wanaume wengi pale gatini, na baba yake, ambaye hakuwa mtu wa kusifu, alikuwa akimsifu kila alipoketi na watu, mpaka watu wakachoka.

Pale Kalimno, kisiwa cha Ugiriki, kila ukoo ulikuwa na mtu wake aliyeliwa na sifongo. Wanaume walivaa suti za mpira na kofia za shaba, wakashuka chini kabisa kuchuma sifongo, hewa ikiwafuata kwa mpira mrefu. Wengine walirudi, wengine walirudi viwete, na wengine hawakurudi. Kofia hii ilikuwa ya Stamatis, ndugu wa babu yake Sakelaris. Siku hizi kazi ni kuzungusha watalii pwani ya kisiwa, wanane kwa siku, waogelee, wale, walale juani. Boti ya jirani ilikuwa imefungiwa mtelezo wa plastiki na wageni wote wakakimbilia huko. Sakelaris akaona na yeye atafute kivutio. Akaenda bandani, akaitoa kofia, na kamba ya Stamatis akaitoa pia.

Shangazi yake, Skevi, alimkuta mlangoni nayo.

"Vitu vya mtu aliyefia baharini havitoki hivi hivi," alimwambia. "Chemsha ngano ya marehemu, mwite padri amsomee, ndipo utoe. Wewe si mgeni hapa."

"Jumapili, shangazi. Padri ana harusi tatu wiki hii."

"Basi na kofia ingoje Jumapili."

Kofia haikungoja. Ndiyo hiyo sasa imefungwa kwenye benchi la nyuma, inang'aa, na kioo chake kina ukungu.

Safari ilianza vizuri. Upepo ulikuwa wa kiasi, tanga likajaa, wageni wakapaka mafuta yao. Walikuwa Waholanzi sita waliocheka kila kitu, na mume na mke kutoka Thesaloniki. Mume, Anestis, alikuwa mnene na mkimya. Mke, Vula, alikuwa ameongea tangu gatini bila kumeza mate.

"Kapteni, hii kofia inanuka," alisema Vula.

"Ni shaba, mama. Shaba ina harufu yake."

"Shaba gani! Inanuka kitu kilichooza."

Sakelaris alinusa. Aliijua harufu ile tangu utotoni. Sifongo likitoka baharini linakuwa jeusi, lina nyama, na watu waliyaacha sitahani yaoze juani wakiyakanyaga kwa miguu. Lakini hakuna aliyekuwa ameleta sifongo bichi kwenye boti ile. Akamwaga ndoo ya maji sitahani, akampa Vula glasi ya divai, akaongeza muziki.

Saa sita kasoro walitia nanga kwenye ghuba iliyo chini ya kanisa dogo la Mtakatifu Nikola. Maji yalikuwa ya kijani, chini unaona mchanga. Kipimo cha boti kilisema mita kumi na nne. Sakelaris akafunga kipande kizito cha risasi kwenye ncha ya kamba ya Stamatis, akaishusha nyuma ya boti ili waogeleaji waifuate chini wakicheza.

"Zamani," aliwaambia, "mpiga mbizi alisema na walio juu kwa kamba hii. Mvuto mmoja, niko salama. Miwili, nipe kamba. Mitatu, nivute. Na mshika kamba haulizi. Akisikia mitatu, anavuta."

Wageni wakaruka majini. Vula akabaki na simu yake.

"Binti, hebu ivae hiyo kofia nikupige picha."

Themelina, ambaye hakujua kukataa mchezo, akaifungua kwenye benchi, akaketi, akajivika. Ikamkaa mabegani, uso ukaonekana kwenye kioo cha mbele, ametoa ulimi. Vula akacheka sana.

Na kamba ikavutwa. Mara moja. Mbili. Tatu.

Sakelaris alitazama maji. Akahesabu vichwa: Waholanzi sita. Anestis hayupo! Kile kitu ambacho ukoo wake ulikifanya kwa vizazi kikamjia mikononi chenyewe. Hakuuliza. Alivuta kwa nguvu zake zote, pima baada ya pima, haraka haraka, kamba ikimchubua viganja, akimwona kichwani yule mtu mnene amenaswa huko chini anameza maji. Ilikuwa nzito kama ina mtu. Kisha ilipofika karibu na uso wa maji ikawa nyepesi ghafla, na ikatoka risasi peke yake.

"Vipi kapteni, umevua nini?" Anestis aliuliza kutoka ubavu wa pili wa boti, ambako alikuwa ameshikilia ngazi, mzima, anachuruzika maji.

Hapo boti ikainama. Iliinama nyuma kidogo, kama inavyoinama mtu mzito anapopanda, na sitahani ikatokea alama ya unyayo wa maji, mpana, wa kiatu kizito, kisha wa pili, kisha wa tatu, mmoja baada ya mwingine kuelekea kwenye benchi alipoketi Themelina.

"Mama yangu," Vula alinong'ona, simu mkononi. "Nani anatembea?"

"Vua kofia," Sakelaris alisema. "Themelina, vua hiyo kofia sasa hivi!"

Msichana alikuwa ameshaishika kwa mikono miwili. Haikutoka. Baba yake akaishika naye, akavuta, Anestis akapanda mbio akasaidia, wanaume wawili wazima, na ile shaba isiyo na skrubu wala mkanda, iliyokuwa imewekwa tu mabegani kama sufuria juu ya jiko, ikakataa kabisa kusogea. Ndani ikasikika pumzi. Sauti ya mtu anayevuta hewa kwa shida, polepole, ndefu, yenye kukwaruza, na chini yake pumzi nyingine fupi fupi ya msichana aliyeogopa, na kadiri ile ndefu ilivyozidi kuwa na nguvu ndivyo ile fupi ilivyofifia, na kioo kikajaa ukungu mpaka uso wa Themelina ukapotea.

"Baba, kuna mtu humu," ilitoka sauti yake, ndogo, imezibwa. "Anavuta hewa yangu."

Sakelaris alichukua nyundo, akairudisha; kioo kile kingemkata usoni. Akafanya kile ambacho kila mtu wa kisiwani hufanya mambo yakimshinda: akampigia shangazi.

Skevi ndiye aliyeondoa husuda, jicho baya la watu, mtaa mzima. Ukiumwa kichwa, ukikosa usingizi, unampigia simu, anadondosha mafuta kwenye maji, anakusomea, anapiga miayo mpaka machozi, dalili kwamba husuda inatoka, unapona. Alipokea kwa mwayo, kwa mazoea. Sakelaris akaongea kwa sauti ya chini, mkono mdomoni, wageni wasisikie. Akaeleza kofia, kamba, nyayo. Mwayo ukakatika.

"Ulivuta?"

"Nilivuta, shangazi. Mitatu."

"Kwa haraka?"

"Nilidhani mtu anakufa!"

Skevi alisema polepole, kwa woga ambao Sakelaris hakuwahi kuusikia kwake hata siku moja, "Babu yako ndiye aliyekuwa ameshika kamba siku ile. Tufani ilikuwa inakuja, akamvuta Stamatis moja kwa moja, bila kusimama njiani. Mpiga mbizi havutwi hivyo, damu inachemka. Alifika juu miguu imekufa, akafa kofia bado kichwani; wakaivua, wakamrudisha majini hapohapo. Sasa na wewe umemvuta vilevile. Mshushe, mwanangu. Ishushe kamba taratibu, simama nusu ya njia kama walivyopaswa kusimama. Utasikia mambo. Usivute, na usimjibu. Umenielewa? Usimjibu!"

Sakelaris aliiweka simu sitahani, akaanza kushusha. Jua lilikuwa utosini, hakukuwa na kivuli popote, na Waholanzi walikuwa wamekwisha kupanda, wamejikusanya omo wameshikana, hakuna anayecheka tena. Vula alikuwa amepiga magoti anafanya ishara ya msalaba. Anestis alimshikilia Themelina, ambaye mikono yake sasa ilikuwa imeanguka, vidole vimeanza kuwa vya buluu.

Pima tano. Pima nane, ndizo zile mita kumi na nne. Hapo risasi ilipaswa kugusa mchanga, kila mtu aliuona mchanga ule kwa macho yake, lakini kamba iliendelea kushuka, pima kumi na mbili, kumi na tano, ikipita mahali ambapo hapakuwa na mahali. Kwenye ya kumi na tisa akasimama kama alivyoambiwa. Kamba ikavutwa mara tatu. Meno yakamgongana, asivute. Ikavutwa tena mara tatu, na kutoka ndani ya kofia, ingawa msichana alikuwa ameshalegea mzima mzima mikononi mwa Anestis na kifua chake hakipandi, ikatoka sauti yake, safi, karibu kabisa, sauti ile ile aliyokuwa akimwitia tangu ana miaka miwili: "Baba, nivute. Baba, kuna giza. Mbona huvuti, baba?"

Akalia. Alilia kwa sauti, mtu mzima mbele ya wageni, na akazidi kushusha, ishirini na tano, thelathini, thelathini na tano, na pale kwenye ya thelathini na nane kamba ikagoma. Haikushuka wala haikupanda. Pumzi ndefu kofiani iliendelea, tulivu, kama ya mtu aliyeshiba. Pumzi fupi haikusikika tena.

"Haendi," Sakelaris alisema kwenye simu iliyokuwa sitahani. "Shangazi, haendi! Mtoto anakufa!"

"Ngoja, nasoma, ngoja kidogo..."

"Sina kidogo!"

Akaiinamia ile kofia mpaka paji la uso likagusa shaba. Ilikuwa ya baridi, katika jua lile. Shangazi alikuwa akipiga kelele kwenye simu kwamba asiseme kitu, asiseme hata neno moja, na yeye alimsikia vizuri sana.

"Mwache huyu," alisema. "Hajakukosea. Aliyekuvuta ni babu yangu, na leo ni mimi. Kama ni pumzi, ninayo. Kama ni miguu, ninayo. Nichukue mimi."

Kamba ikavutwa mara moja tu.

Kofia ikafunguka mikononi mwa Anestis kama chungu kinavyofunuliwa. Themelina akavuta hewa kwa kishindo, akakohoa, akatapika maji ya chumvi, akafumbua macho. Baba yake akaisukuma kofia baharini kwa mikono miwili, na kamba yote ikaifuata yenyewe ikilia juu ya ukingo wa boti. Sitahani ikakauka. Ile harufu ikaondoka na upepo. Vula alimkumbatia msichana, kisha akamkumbatia mumewe, kisha akawakumbatia Waholanzi mmoja mmoja.

"Yamekwisha, yamekwisha," Sakelaris alisema, akicheka na kulia. Akajaribu kumwendea mwanawe. Hakufika. Magoti yalikunjika, akaanguka kifudifudi, na hakuihisi sitahani chini ya mapaja yake.

Themelina ndiye aliyeirudisha boti gatini.

Katika hospitali ya kisiwa daktari wa zamu, mwanamke kijana aliyezoea wazamiaji wa kitalii, alimchoma miguu kwa sindano, akasoma vipimo, akavisoma tena.

"Huu ni ugonjwa wa mbizi, wa mtu aliyepanda juu haraka," alisema. "Tena mkali."

"Hajaingia majini," Themelina alisema. Alikuwa amekaa pembeni ya kitanda, sauti bado imekauka. "Hakulowa hata kidogo leo. Kila mtu aliona."

"Damu yake inasema vingine. Mzee, niambie ukweli nikutibu vizuri. Ulishuka kina gani?"

Sakelaris alimtazama bintiye. Macho yalimjaa machozi, akatikisa kichwa kukana, akatikisa tena. Lakini mdomo wake ulikuwa umeshafunguka, na chumba kikanuka sifongo lililooza.

"Pima thelathini na nane," mdomo ulisema, kwa sauti nzito ambayo Themelina alikuwa ameisikia mara moja tu, ndani ya kofia, karibu sana na sikio lake. "Wameshanivuta mara mbili. Sishuki tena."