Mlango Niliufunga Mwenyewe

"Sikusikia kitu, Mheshimiwa."

Jamani!

Aliyekuwa kizimbani kutoa ushahidi ni Sivakami. Sivakami wangu! Miaka tisa tumepika pamoja jiko la shule, tumekata vitunguu pamoja, tumelia pamoja. Na siku niliyotukanwa, yeye ndiye mtu baki pekee aliyekuwa ndani ya lile jiko.

Wakili wa serikali, Bwana Irudayaraj, alidhani mama wa watu hajaelewa swali.

"Polisi uliwaambia ulimsikia Thangapandi akimtukana Ponni kwa jina la tabaka lake."

"Sikusema. Waliandika wao."

"Ulikuwa unafanya nini?"

"Nakata nyanya."

"Hatua ngapi kutoka kwa Ponni?"

"Tatu."

"Hatua tatu, na hukusikia?"

"Nyanya zilikuwa nyingi, Mheshimiwa."

Watu wakacheka!

Sasa nisikilizeni vizuri, maana mtadhani Sivakami ndiye aliyeniua. Hapana. Niliyejichimbia kaburi ni mimi.

Thangapandi ndiye mkubwa wa kijiji chetu. Mashamba ya mpunga karibu yote ni yake. Mjukuu wake alipohamia shule yetu, mzee akagundua anayempikia ni mimi, mtu wa tabaka la chini kabisa, sisi ambao kisima cha watu wa tabaka la juu hatugusi. Akaja saa ya chakula, watoto wamejipanga na sahani zao, akaingia jikoni bila hodi.

"Wewe ndiye unayemlisha mjukuu wangu?"

"Ndiyo, mzee. Leo wali na mchuzi wa dengu."

Akaipiga teke sufuria! Mchuzi wote chini. Halafu akaanza... Lile neno sitaliandika hapa, mnisamehe. Mahakamani walinilazimisha nilitamke mara tatu ili karani aliandike vizuri. Mara tatu, huku Thangapandi akinitazama na kucheka kimoyomoyo. Nilijua kabisa anafurahi.

Mimi ndiye niliyekuwa shahidi wa kwanza, mwezi mzima kabla ya Sivakami. Wakili wa Thangapandi alinijia kwa upole, utadhani mkwe wangu.

"Dada Ponni, mlango wa jiko ulikuwa wazi?"

"Mwanzoni ulikuwa wazi."

"Baadaye nani aliufunga?"

"Mimi."

"Kwa nini, dada?"

"Mwanangu Kayal alikuwa mbele kabisa kwenye foleni. Sikutaka asikie mama yake anavyoitwa."

"Kwa hiyo watoto hawakusikia."

"Hawakusikia, namshukuru Mungu!"

Nililisema kwa sauti. Nilijiona shujaa! Yule wakili akatabasamu, akaketi. Bwana Irudayaraj akajishika kichwa.

Tulipotoka nje akaniambia taratibu.

"Mama, sheria inataka tusi litolewe mbele ya watu. Watu baki. Ndani ya kuta nne, mlango umefungwa, halihesabiki. Tumebaki na Sivakami tu."

Polisi nao hawakumhoji mtoto hata mmoja. Wangehoji nini? Mimi mwenyewe niliwaapia hawakusikia.

Ndipo Sivakami akaja na nyanya zake.

Nilimkamata kwenye korido.

"Sivakami, nimekukosea nini?"

"Dada, shamba tunalolima ni lake. Akitufukuza wanangu watakula nini?"

"Na mimi je?"

"Wewe umezoea, dada."

Aliniambia hivyo huku analia.

Hukumu haikuchukua hata dakika kumi. Kosa la kumtukana mtu kwa tabaka lake halikuthibitishwa, hakuna mtu baki aliyesikia. Kwa sufuria, kwa kuwa mwalimu mkuu alipiga picha sakafu, mshtakiwa akapigwa faini.

Mchuzi ulipata haki yake. Mimi la.

Nilirudi nyumbani nikakaa chini kwenye kizingiti. Miaka minne ya kwenda na kurudi mahakamani! Kayal sasa ana miaka kumi na miwili. Akaja akakaa karibu yangu.

"Tumeshindwa, mama?"

"Tumeshindwa. Hakuna aliyesikia."

Akasema kwa sauti ndogo...

"Mimi nilisikia."

"Nini?!"

"Sote tulisikia, mama. Mlango ule ni bati tu. Foleni nzima ilisikia."

"Kayal! Mbona hukusema miaka yote hii?"

"Ulipofungua ulikuwa unacheka. Ukatuambia tusisukumane. Nikajua hutaki nijue. Ningesema ungeumia."

Foleni nzima, wasomaji wangu! Watoto thelathini, wengi wao wa tabaka la Thangapandi mwenyewe!

Nilimpigia Bwana Irudayaraj palepale. Alishusha pumzi.

"Mama Kayal... baada ya hukumu? Watasema umemfundisha mtoto. Na hao wengine, baba gani atamruhusu mwanawe amseme Thangapandi vibaya?"

Nikakata simu. Kayal alikuwa bado hajamaliza.

"Mjukuu wake alikuwa nyuma yangu siku ile. Tangu hapo ananiita hilo neno."

"Lini?"

"Kila siku."

Na mimi, mama mzima, badala ya kumkumbatia mwanangu nikajikuta namuuliza swali la wakili.

"Mbele ya watu?"

"Mbele ya darasa zima, mama."

Nikainuka nikasema twende polisi. Akanishika nguo.

"Mama, basi. Watasema hawakusikia."

Miaka kumi na miwili, na sheria ameshaijua kunishinda!

Mnaonisoma, funzo langu ni hili: mtu akikutukana, usimsitiri. Aibu si yako. Acha mlango wazi, piga kelele, wataje waliosimama pale kwa majina. Ukificha ili kumlinda mwanao, atasikia tu, kisha atajifunza kunyamaza kama wewe.

Sijui kama ningeshinda. Kwa kweli sidhani. Lakini Kayal asingebeba hilo peke yake miaka minne.