Nibu Iliyotolewa Kwenye Tofu

Siku ilianza vizuri tu. Mvua za mwezi wa sita, zile za kunyesha mpaka kiatu kinaota ukungu ukiwa umekivaa, na Chizuru, mtoto wa dada yangu, amepiga magoti mbele ya meza fupi anachora matofali. Matofali, jamani! Miaka mitatu binti anajifunza katuni kwa Mwalimu Hatakenaka pale mjini Kochi, na miaka yote hiyo ni kuta, nyasi, nguzo za umeme na mvua. Ukikusanya matofali aliyochora yule mtoto unajenga mji, na ukuta wa kuuzunguka, na yanabaki.

Ndiyo sheria ya nyumba zile. Mwanafunzi mpya anajaza weusi kwenye nywele. Akizoea anapewa kuta. Akikomaa anapewa nguo na mikono. Uso ni wa mwalimu. Na macho ndiyo kabisa, hayaguswi na mtu, maana katuni za kwetu macho ndiyo kila kitu: makubwa, yamejaa mwanga, msomaji akitumbukia humo hatoki.

Chizuru ana mkono, hilo sitanii, ukoo wetu vipaji vipo mpaka vinamwagika. Lakini macho yalimshinda. Alikuwa anajaribu pembeni, anampelekea Mwalimu, Mwalimu anaangalia, anasonya.

"Haya macho ya dagaa wa jana. Rudi ukutani."

Basi kabla ya mvua hizo Mwalimu akafa. Majira ya maua, wamemkuta kailalia meza, kalamu iko mdomoni. Ndiyo tabia yake hiyo. Nibu mpya, ile ncha ya chuma ya kalamu, inakuja na mafuta ya kuzuia kutu, wino haushiki, kwa hiyo wachoraji wengi huilamba mara moja kabla ya kuichovya. Mara moja tu. Mwalimu yeye alilamba kila alipoanza ukurasa, toka ujana mpaka uzee. Analamba, anachovya, analamba. Ulimi ulikuwa mweusi kama lami. Akiongea, mate meusi yanajikusanya pembeni mwa midomo, mazito, hayadondoki. Na kichupa chake cha wino kilikuwa na utando juu, kama maziwa yaliyolala. Wanafunzi walikuwa wanageuza nyuso akikifungua.

Kaacha hadithi haijaisha. Kurasa za mwisho zote tayari, nguo, nywele, mvua, ila yule msichana wa kwenye hadithi hana macho. Matundu meupe mawili kila uso.

Siku ile ya matofali, Mhariri Ozaki wa jarida akaja kutoka Tokyo, akawaangalia wanafunzi kama mtu anayechagua tikiti.

"Atakayeweza macho ya Mwalimu ndiye atakayemaliza," akasema. "Na hadithi inayofuata ni yake. Jina lake juu, herufi kubwa."

Kenkichi, mwanafunzi mkubwa wao, mtu mwenye kitambi na maneno mengi, akacheka. "Mdogo wangu Chizuru, wewe mchoree matofali machoni. Itakuwa mtindo mpya."

Jioni ile baba yake akapiga simu kutoka nyumbani, kwetu huku kwenye kiwanda cha jodari. Shemeji yangu haongei sana. "Mwezi huu ukiisha bila jina lako kuahidiwa nafasi kwenye jarida, rudi. Kisu chako kipo." Kisu cha kupasulia matumbo ya samaki. Chizuru alikishika toka ana miaka kumi na tano, na harufu yake hakuwahi kuisahau.

Sasa sikiliza. Pale hekaluni kuna siku mafundi wa kushona wanapeleka sindano zilizovunjika. Wanazichomeka kwenye kipande cha tofu, maziwa ya soya yaliyogandishwa, kitu laini kama maini, ili zipumzike, maana maisha yao yote zimechoma vitu vigumu. Nyumba ya Hatakenaka walikuwa wanafanya hivyohivyo kwa nibu. Na nibu ya marehemu ndiyo haikosi. Inachomekwa, inasomewa, inazikwa.

Wakaenda mchana, mvua inanyesha. Mjane, Bi Sumie, akachomeka nibu ya mumewe katikati ya tofu nyeupe. Wanafunzi wakachomeka zao kuukuu pembeni. Mzee wa hekalu akasoma, moshi ukapanda, watu wakainamisha vichwa.

Chizuru hakuinamisha.

Aliona hakuna anayemtazama, akanyoosha mkono. Akaing'oa ile ya katikati. Ilikuwa kazi ya kufumba na kufumbua. Lakini ile tofu iligoma kidogo, kama midomo inavyobana kijiko. Na tundu lilipobaki wazi likatoa weusi, ukatambaa kwenye weupe polepole, ukanuka. Akalifunika haraka kwa nibu yake kuukuu.

Kesho yake akaanza ukurasa wa kwanza. Akachomeka ile nibu kwenye mpini. Na hapa ndipo alipopotea, na kosa lenyewe ni la fundi, wewe na mimi tusingelifanya. Miaka mitatu amefundishwa: nibu ikiingia mpinini, ilambe. Mkono ukapanda wenyewe. Akailamba.

Mungu wangu. Ladha iliyomjia si ya chuma. Ni tofu iliyochacha. Ni tumbaku. Ni figili ya kuchachusha iliyokaa kwenye jino bovu. Ni mdomo wa mzee, wote, wa asubuhi, kabla hajasukutua. Kitu kama uzi kikamshika kooni. Akatapika kwenye ndoo ya brashi mpaka machozi yakamtoka.

Akajifuta. Akachovya. Akachora jicho.

Na jicho likamtazama.

Kenkichi akapita na kikombe cha chai, akasimama. Hakusema utani wowote. Kenkichi kukosa utani ni sawa na bahari kukosa maji.

"Nani kachora?" akanong'ona.

"Mimi, kaka."

"Fanya lingine."

Akajaribu bila kulamba. Dagaa. Akalamba. Likatoka hai, linang'aa, lina huzuni, unataka kulifuta kwa leso. Mhariri Ozaki alipotumiwa kurasa za kwanza alipiga simu anapiga kelele. "Malizia zote! Nakuwekea nafasi ya mwezi wa tisa. Umeshapata jina la hadithi yako?"

Sasa angeachaje? Sema wewe. Kila ukurasa akalamba. Siku ya kwanza alisukutua kwa chumvi. Ya pili kwa siki. Halafu akaona ulimi umeingia weusi katikati, mstari, hautoki hata ukisugua na brashi mpaka damu. Na damu yenyewe ilitoka nyeusi.

Wali ukawa na ladha ya masizi. Asubuhi mto wake unakutwa na doa pale mdomo ulipolala, bichi, lina utando juu. Nzi walimfuata. Mchana wa mvua, madirisha yamefungwa, nzi sijui wanatoka wapi, wanatua juu ya mdomo wa Chizuru tu.

"Mdogo wangu, usikasirike," Kenkichi akamwambia, kaziba pua kwa mkono wa shati. "Umekula nini? Kuna kitu kimekufa humo."

"Ni wino, kaka."

"Wino hauna figili."

Halafu kikaja kile kitu cha jino. Alikuwa anatafuna mkate, akahisi kitu kigumu. Akatema kiganjani. Jino. Gego kubwa la njano, limeliwa na tumbaku, lina tundu limezibwa kwa fedha. Akapitisha ulimi mdomoni, akahesabu. Meno yake yote yapo. Yote. Na pale nyuma, kushoto, kwenye ufizi, kulikuwa na tundu ambalo halikuwepo, na tundu lilikuwa linatoa kitu cha uvuguvugu.

Hakumwambia mtu. Ukurasa ulikuwa umebaki mmoja.

Ukurasa wa mwisho: msichana kageuka, uso mzima, karatasi nzima ni uso. Macho mawili tu, na kazi imekwisha, na kisu cha kiwandani atakishika mwingine. Kenkichi alikuwa ameenda posta. Mvua imebana nyumba. Saa za mchana, lakini giza kidogo.

Akalamba. Hakutapika tena. Hilo ndilo lililomtisha zaidi. Ilikuwa tamu.

Akachora jicho la kulia. Akaweka kalamu chini, anyooshe vidole.

Mlango wa karatasi ukafunguka. Bi Sumie. Kabeba kibakuli cha figili, vipande vya njano, kama alivyokuwa akimletea mumewe kila siku saa hizo. Toka msiba hajawahi kuingia chumba kile.

Akasimama. Akanusa. Akaweka kibakuli sakafuni.

"Harufu hii," akasema kwa sauti ndogo.

"Samahani bi mkubwa, ni wino umeharibika, nitaumwaga..."

Bi Sumie akapiga magoti mbele yake, karibu, karibu sana. Hakumwangalia machoni. Alimwangalia mdomoni. Kama mtu anayechungulia kisimani.

"Baba," akanong'ona, kama alivyozoea kumwita mumewe. "Umerudi?"

Chizuru alitaka kusema hapana. Alifungua mdomo aseme hapana. Ulimi ukajigeuza. Yeye mwenyewe aliuhisi, mzito, mpana, si wake, unajikunja humo ndani kama konokono kwenye ganda. Ukasema, kwa sauti ya kukwaruza:

"Chai."

Bi Sumie akalia. Halafu akatabasamu. Halafu, na hili ndilo linanisimamisha nywele mpaka leo, akachukua kipande cha figili kwa vijiti, akakisogeza kwenye mdomo wa Chizuru.

Na mdomo ukafunguka.

Ukatafuna. Chizuru analia, mdomo unatafuna. Maji ya njano na meusi yanamshuka kidevuni, na mjane anamfuta kwa ncha ya nguo, taratibu, kama mke. "Kula," anasema. "Umekonda."

Chizuru akamsukuma. Akaichomoa nibu kwenye mpini. Akatoka bila viatu, mvuani, barabara nzima ya tramu, watu wanampisha kwa sababu ya harufu. Nyuma yake aliacha jicho moja limechorwa na tundu moja jeupe.

Alikimbilia hekaluni. Yule mzee alimwangalia kidevu, akaingia jikoni, akarudi na tofu kwenye sahani. Chizuru akachomeka nibu. Safari hii tofu haikubana. Iliimeza. Mpaka shina likapotea, na weusi ukajaa sahani, na yule mzee, mtu aliyezika nusu ya mji, akageuka kando akatapika kwenye maua.

Alipopata pumzi akasema, "Ya kwenye kalamu nimeipokea, binti."

"Na ya mdomoni?"

Mzee akainua sahani kwa mikono miwili, mbali na mwili wake. "Kanawe," akasema. Akaingia ndani akafunga.

Chizuru hakurudi kwenye ile meza. Mhariri Ozaki alipiga simu wiki nzima, haikupokelewa. Jarida likatoka: Kenkichi alishusha nywele upande mmoja wa uso, zikaziba lile tundu, na mwezi wa tisa ukaenda na jina la Kenkichi. Watu walisifu. Walisema zile nywele zinasema mengi.

Yeye akarudi kwetu. Yuko kiwandani, kisu kilekile, anapasua matumbo ya jodari haraka kuliko mashine, hilo nashuhudia. Harufu haimsumbui tena. Ulimi umerudi mwekundu, ila una ufa mwembamba katikati, toka ncha mpaka ndani kidogo. Kama ufa wa nibu, pale wino unapopita. Haongei sana. Hali mbele za watu, na bahasha hafungi kwa mate.

Mwezi wa nane wa mwaka uliofuata lilikuja joto la kuyeyusha lami, na mimi nikawanunulia kiwanda kizima barafu za vijiti, maana mimi nikitoa natoa. Chizuru alichoka, jasho linamtoka. Akajisahau. Akailamba mpaka ikaisha, akaweka kijiti kwenye benchi, akaenda zake.

"Mjomba, asante," alisema. Neno moja na nusu, kafunika mdomo.

Nikaokota kijiti nikitupe. Kilikuwa kinanata. Pale ncha, ulimi ulipopita, kulikuwa na jicho. Jicho zima, limechorwa kwa wino, kope moja moja, mwanga ndani yake. Moja tu. La kushoto, lile lililobaki tundu.

Mimi siogopi kitu, mtaa wote unajua, nimeshatoa pweza kwenye miguu ya watu kwa meno. Nikakifunga kwa kitambaa kikavu, nikakitia kwenye kopo tupu la chai, nikakipandisha kabatini.

Jana nimekifungua. Kitambaa kimelowa chapachapa, kina utando, na kopo zima linanuka figili.