Kibao cha Mmeza Ng'ombe

Haya nitakayowasimulia ni kweli tupu, hayana hata punje ya chumvi. Atakayenikamata nimeongeza, nitateka maji kisimani mpaka mapipa yote ya nyumbani yafurike. Mimi, na umri huu, na mgongo huu.

Kulikuwa na msichana wa darasa la sita, binti wa mfyatua matofali. Kila asubuhi kabla ya shule alimsaidia baba yake kuanika matofali mabichi kando ya mto. Wenzake walimwita Kiwembe, kwa sababu ukimkosea hasahau. Anayakunja maneno yako, anayaweka, na siku moja yanakukata mwenyewe.

Mto huo ulikuwa wa bara, haukuwahi kuiona bahari. Ulianza kwa matone mwambani, mahali paitwapo Chozi, ukapiga kona kali iitwayo Kiwiko, ukapita mbele ya tanuri la matofali, kisha ukaishia kwenye kinamasi kama mzee aliyesahau alikokuwa akienda. Kila jina lilieleza tabia ya maji. Chini kidogo ya tanuri palikuwa na Mmeza Ng'ombe. Juu, maji yametulia kama ya beseni. Chini, tope lisilo na mwisho. Fahali mmoja aliingia hapo asubuhi, jioni akaibukia kinamasini, bado anacheua.

Kiwembe aliuchora mto huo wote kwa mashindano ya ramani shuleni. Lakini Domokaya, mtoto wa fundi baiskeli, ambaye neno halilali kinywani mwake, alimwambia mwalimu kwamba ramani ile ilichorwa na kaka wa Kiwembe. Mwalimu akaitoa mashindanoni. Kiwembe hakulia. Alimsogelea Domokaya akamwambia taratibu, "Umelikoroga. Utalinywa, tena la moto."

Tangu siku hiyo kila tofali alilolipiga kofi lilikuwa shavu la Domokaya. Kila kisasi alichokifikiria alikiona kidogo. Kumtobolea mpira wa baiskeli? Baba yake angeuziba. Kumpaka tope? Angenawa. Alitaka kitu kisichofutika.

Kisasi kikaja chenyewe, kimevaa buti. Alikuwa mpima ramani, aliyetumwa kuandika majina ya mto na kusimika vibao. Baba, mikono imejaa udongo, akamwagiza Kiwembe ampeleke mgeni. Walipofika Mmeza Ng'ombe, mpima ramani akauliza, "Na hapa je, mwanangu?"

Kiwembe hakupepesa macho. "Hapa panaitwa Kivuko cha Domokaya."

"Kwa hiyo watu huvuka hapa."

"Tangu enzi na enzi."

Kibao kikasimama ng'ambo, upande watokeako wageni. Watu wazima wa kijijini hawakuwa na haja ya kukisoma, mto walikuwa nao kichwani. Wanafunzi ndio waliokwenda, wakarudi wanashika mbavu. Domokaya akawa hapiti bila kuulizwa nauli ya kuvuka. Akaanza kujitenga, midomo imefungwa kama mkoba. Kiwembe akajilamba vidole kwa utamu.

Juma lile shangazi yake Kiwembe alikuja kuwatembelea, mara ya kwanza tangu kaka yake, yule mfyatua matofali, ahamie huko kufuata udongo mzuri. Alifika ng'ambo na furushi kichwani, akasoma kibao, akatazama maji yaliyotulia. Kilichoandikwa kwa rangi nyeupe hakina hila, akajiambia. Akaingia.

Kiwembe alisikia ukelele akiwa tanurini. Alipofika ukingoni alimkuta shangazi amezama mpaka shingoni, kinaonekana kichwa tu, na kilemba na furushi. Akasimama pale pale. Aliyepita mbio kando yake alikuwa Domokaya, aliyekuwa analeta mipira mikuukuu ya baiskeli ya kufungia kuni. Aliifunga mmoja kwa mwingine, akazungusha ncha moja kwenye shina la mti, akarusha ya pili. "Mbona umesimama kama mlingoti? Vuta!" akamwambia Kiwembe. Wakavuta pamoja, mpaka tope likamtema.

Shangazi alikaa chini anahema. Baba alipofika, akamuuliza, "Kaka, ni nani aliyeniandikia kifo kwa rangi nyeupe?"

Kiwembe angeweza kunyamaza. Angeweza kumsingizia mpima ramani. Alimtazama Domokaya, viganja vyake vimechubuka kwa mpira.

"Ni mimi, Shangazi," akasema. Akaeleza yote, na kisa cha ramani.

Domokaya akakwangua tope mkononi. "Ile ramani aliichora mwenyewe. Nilimwonea wivu."

Baba hakugombeza. "Jina la mahali ni macho ya mgeni," alisema. "Ulitaka kumchoma mwenzako mmoja, ukampofusha kila mpita njia. Kisasi hakichagui, mwanangu. Ukishakitupa mtoni, hujui kitamkumba nani."

Kesho yake watoto wale wawili walimfuata mpima ramani kambini kwake Kiwiko, wakarudi naye kupaka kibao upya: Mmeza Ng'ombe, Usivuke. Ramani ya Kiwembe ikarudi ukutani darasani, na Domokaya ndiye aliyeshikilia misumari.

Nilipofika hapo katika hadithi yangu, mke wangu, aliyekuwa anachambua maharage mlangoni, akainua uso.

"Mpaka shingoni?" akauliza. "Baba watoto, tope lile lilinifika kiunoni. Na kilemba sikuvaa."

Wajukuu wakanigeukia wote. Sikuwa nimewaambia shangazi wa Kiwembe ni nani. Yule fahali sikuthubutu hata kumtetea. Nikainuka, nikaenda kuchukua ndoo.