Tairi Nne na Keni ya Mama Tereza

Makambako nzima, kuanzia Kitandililo mpaka Lyamkena, hakuna dereva anayeijua gari ya fowili kunizidi mimi. Nilikuwa nasema hivyo kila siku. Nilisema kijiweni, nilisema nyumbani, na Jumapili moja nilimwambia hata mchungaji baada ya ibada. Mchungaji akajibu, "Amina." Mpaka leo sijui alikuwa anaitikia nini.

Jina langu ni Remmy. Nilimaliza kidato cha nne, nikapata leseni, kisha nikapata gari. Si yangu. Ni pikapu ya kikundi cha akina mama wafugaji wa Kitandililo. Wako kumi na wawili, na mama yangu, Rosemary, ni mmoja wao. Alfajiri wanakamua ng'ombe. Saa kumi na mbili mimi naanza kupita nyumba kwa nyumba kuchukua keni zao za maziwa. Naanza mbali kabisa, bondeni kwa Mama Tereza. Halafu narudi huku nakusanya za wengine. Zote nazipeleka kituo cha kupokea maziwa, mjini. Lango la kituo linafungwa saa tatu asubuhi.

Pikapu hii ina kijiti cha pili, kifupi, kando ya kijiti cha gia. Hicho ndicho cha fowili. Kikikaa mahali pake pa kawaida, tairi mbili za nyuma ndizo zinazosukuma gari. Ukikivuta, na tairi za mbele nazo zinafanya kazi. Zote nne. Mvua ikinyesha, njia ya bondeni inakuwa matope ya kuvua viatu. Bila fowili hutoki. Hapo sikuwa na kosa.

Kosa lilianza nikifika kwenye lami. Kijiti sikukigusa. Kwa nini nipunguze nguvu niliyopewa?

Siku moja nilikwenda na mama Njombe kununua dawa ya kuogeshea ng'ombe. Tulipokata kona kuingia mahali pa kuegesha, gari iliruka kidogo, ikaguna.

"Remmy, mbona inaguna?" mama aliuliza.

"Inaguna kwa raha, mama. Tairi nne zinavuta pamoja."

"Na wewe mbona unavuta usukani kama unamkamata fahali pembe?"

"Baridi ya Njombe hiyo. Inakaza vyuma."

"Mwezi huu wa kumi na moja?"

"Mama, mbuzi ana miguu minne. Akifika mjini anatembea kwa miwili?"

Mama alicheka. Nikaongeza sauti ya redio, kuguna kusisikike.

Wiki iliyofuata, siku ya Jumanne, nilikuwa narudisha gari nyuma na mbele katika kona nyembamba karibu na soko la Makambako. Lori lilikuwa limeziba njia, nikalazimika kukata usukani mpaka mwisho. Gari ikakaza. Nikakanyaga mafuta. Ikatetemeka, ikazima. Nilijaribu kurudisha kijiti kifupi. Hakikutoka. Kilikuwa kama kimejengewa kwa saruji.

Vijana wa pale wakajaa.

"Breki hizo, bro. Zimeshika."

"Breki kabisa. Fungua tairi za mbele."

Tukainua gari kwa jeki. Tukafungua tairi moja, tukafungua na nyingine. Breki zilikuwa nzima. Tuliporudisha tairi na kushusha jeki, gari ikaenda kama haijawahi kuugua. Vijana wakasema, "Si tulikwambia?" Mimi nikakubali. Sikujua kwamba ni ile jeki iliyoiponya. Lakini jua lilikuwa limeshapanda.

Kituoni, mpokeaji wa maziwa, Mzee Odilo, alinifungulia lango kwa huruma. Alichota maziwa kidogo kutoka kila keni, akayachanganya na spiriti yake ya kupimia. Keni kumi na moja zilipita. Ya Mama Tereza iliganda.

"Haya yameanza kuchacha," alisema. "Siwezi kuyapokea."

Siku nane baadaye, mambo yakawa yale yale. Kona ile ile, gari ikakaza, jeki ikatoka, jua likapanda. Na keni iliyoganda ilikuwa ile ile.

Mzee Odilo akaandika barua fupi kwa kikundi. Keni ya kikundi chao imeganda mara mbili. Ikiganda mara ya tatu, nafasi yao kwenye tangi la kupozea itapewa kikundi kingine.

Akina mama waliitana jioni hiyo hiyo, nyumbani kwa mwenyekiti wao, Mama Ema. Nami niliitwa.

"Remmy, ulichelewa?" Mama Ema aliuliza.

"Kidogo tu," nilisema. "Malori. Mnaijua Makambako."

Wakageukia keni. Kwa nini mara zote mbili ni keni ya Mama Tereza? Za wenzake mbona zimepita? Mama mmoja, Jackline, akalisema lile ambalo kwetu ni zito kuliko tusi.

"Labda haioshi vizuri."

Mama Tereza ni mjane mwenye ng'ombe wawili. Hana maneno mengi. Alisimama, akasema, "Keni yangu naisugua kwa maji ya moto kila jioni. Njooni mwone."

Hakuna aliyekwenda kuona. Waliamua apumzike kupeleka maziwa kwa wiki mbili, wakati wanachunguza. Alijifunga khanga yake vizuri akaondoka. Mimi niliangalia vidole vyangu vya miguu.

Kesho yake sikwenda bondeni. Nilikuwa na keni kumi na moja. Nikapita soko, lori lipo, nikakata kona. Gari ikakaza.

Nilitaka kulia. Ilikuwa saa mbili na dakika ishirini. Nikashuka kutafuta jeki. Nikasikia sauti nyuma yangu.

"We Remmy! Mwaka wa ngapi huu, bado unakwama?"

Alikuwa Devotha. Tulisoma naye sekondari. Mimi nilikuwa nachekesha darasa, yeye alikuwa hacheki. Sasa ni fundi, ana gereji yake Lyamkena. Alikuwa anapita na ovaroli lake lenye mafuta.

"Breki zimeshika," nilimwambia.

"Nani kakwambia?"

"Wataalamu."

Alichungulia ndani kupitia dirishani. Akaangalia kijiti kifupi. Akaangalia lami. Akaniangalia mimi.

"Fowili? Hapa? Kwenye lami kavu?"

"Nguvu, Devotha."

"Panda. Nyoosha usukani. Rudi nyuma taratibu, mita tano, sita. Usikate kona hata kidogo."

Nilirudi nyuma. Gari ilisema "ko!" chini ya miguu yangu.

"Sasa kanyaga klachi, rudisha kijiti."

Kiliteleza chenyewe, laini kama kijiko kwenye uji. Nikakata kona. Usukani ulikuwa mwepesi mpaka nikaogopa umechomoka. Saa mbili na dakika hamsini Mzee Odilo alikuwa anapima maziwa yangu. Yote yalipita.

Niliporudi nilikwenda gereji kwa Devotha. Nilifika na soda mbili, ili asinicheke. Alipokea soda na akanicheka vilevile.

Uwanja wake ni wa vumbi. Aliniambia nizungushe pikapu duara moja, nimekata usukani mpaka mwisho. Nikazungusha.

"Shuka. Unaona nini hapo chini?"

"Alama za tairi."

"Tairi ya mbele ya nje imepita wapi?"

Niliinama. Alama yake ilipita nje kabisa. Alama ya tairi ya nyuma, upande ule ule, ilikata ndani.

"Tembea juu ya alama ya mbele. Hesabu hatua."

Nilihesabu hatua hamsini.

"Sasa ya nyuma."

Arobaini na nne.

"Umeona? Gari ikikata kona, tairi za mbele zinasafiri zaidi ya za nyuma. Kwa hiyo zinataka kuzunguka zaidi. Ukiwa umetoa fowili, hakuna shida, za mbele ziko huru. Ukiweka fowili ya gari kama hii, mbele na nyuma zinafungwa pamoja kwa chuma. Zinalazimika kuzunguka sawa. Sasa hizo hatua sita zinakwenda wapi?"

Niliziangalia tena zile alama, kama vile zingenijibia.

"Kwenye matope," aliendelea, "tairi inateleza kidogo, hizo hatua zinaishia kwenye utelezi. Lami kavu hairuhusu kuteleza. Basi chuma ndani kinajipinda, kinajikaza, kila kona kinaongeza. Ndipo usukani unakuwa mzito na kijiti kinakwama."

"Na jeki je? Mbona tukiinua inapona?"

"Tairi ikiwa hewani inapata nafasi ya kuzunguka, ule mkazo unatoka. Mlikuwa mnatibu bila kujua ugonjwa. Ungeendelea, ungevunja gia za ndani. Njoo uone hizi tairi za mbele."

Alinishika mkono, akaupitisha pembeni ya tairi. Palikuwa pamelika kama sabuni ya wiki mbili.

"Na mvua ikinyesha juu ya lami?"

"Punguza mwendo. Lami hata ikilowa bado inashika tairi. Fowili haikusaidii kusimama haraka. Inasaidia kutoka mahali penye utelezi."

"Na hii nafasi ya mwisho ya kijiti, yenye herufi L?"

"Hiyo ni ya nguvu kubwa na mwendo mdogo. Mlima mkali, tope zito. Simamisha gari kwanza ndipo uiweke. Ukishapita, simama uitoe. Na usimfundishe kila mtu haya kama yalivyo. Kuna magari mengine yametengenezwa kukaa kwenye tairi nne muda wote. Mwenye gari asome kitabu cha gari yake, au amuulize fundi anayeijua."

"Kwa hiyo mimi nifanyeje?"

"Matope yakianza, weka. Lami ikianza, toa. Ni hilo tu, Remmy. Hata utani wako ni mrefu kuliko hilo."

Kuanzia kesho yake nilifanya hivyo. Mahali njia yetu inapokutana na lami nilikuwa nasimama, narudisha kijiti, ndipo naingia mjini. Gari haikuguna. Haikukaza hata siku moja. Kwa wiki mbili sikufika kituoni baada ya saa tatu kasorobo, na hakuna keni iliyoganda.

Ungedhani nilikuwa na furaha.

"Mnaona?" Jackline aliwaambia wenzake. "Tangu Mama Tereza apumzike, maziwa hayachachi. Ushahidi gani mwingine tunautaka?"

Nilikuwa napakia keni. Nilisikia. Nilifika kwenye lami, nikarudisha kijiti, nikakaa pale bila kuondoka. Mama Tereza ndiye niliyekuwa naanza naye. Maziwa yake yalikaa garini muda mrefu kuliko ya mtu yeyote. Gari ikichelewa, ya kwanza kuchacha ni yake. Keni haikuwa chafu. Na kadiri nilivyoendesha vizuri, ndivyo nilivyozidi kumtia hatiani.

Wiki mbili zilipoisha akina mama waliitana tena, na walikuwa wamemwita na Mzee Odilo aikague keni. Mama Tereza aliileta mwenyewe, inang'aa, ameibeba kichwani kutoka bondeni. Alikuwa anampa ndama maziwa kwa wiki mbili, mengine anamwaga.

"Kamwene, mama," nilimsalimia.

"Kamwene, mwanangu," alijibu. Aliniitikia vizuri. Afadhali angenitukana.

Mama Ema alifungua kwa sala. Kisha akasema wanataka kuamua kama Mama Tereza atoke kwenye kikundi.

Nilisimama.

"Asitoke," nilisema. "Keni yake haina kosa. Siku zile mbili nilifika kituoni saa nne na nusu. Haikuwa malori peke yake. Gari ilikaza mjini kwa sababu nilikuwa naendesha na fowili kwenye lami. Maziwa yake yanapakiwa kwanza, ndiyo maana yalichacha kwanza. Sasa nimejifunza, naitoa, nafika mapema. Hiyo ndiyo sababu ya hizi wiki mbili."

Nikawaeleza zile hatua hamsini na arobaini na nne. Mama Ema alimgeukia Mzee Odilo.

"Mzee, ni kweli alifika saa nne na nusu?"

"Kweli kabisa. Maziwa yaliyokamuliwa alfajiri, na joto lile, ungetegemea nini?" Aliinua mfuniko wa keni, akanusa, akapitisha kidole ndani. "Na keni hii ni safi kuliko zote ninazozipokea."

Jackline alikwenda akapiga magoti mbele ya Mama Tereza. "Nisamehe, dada. Nilisema nisilolijua." Mama Tereza alimwinua. Wakaamua kesho keni yake irudi garini, na kwamba atakayekuwa na shaka aende kwanza kuona kwa macho yake.

Nilijisikia mwepesi. Ningekaa chini hapo, hadithi ingekuwa nzuri. Lakini mimi ni mimi.

"Mnisamehe na mimi," niliongeza. "Haya mambo ya fowili hata madereva wakubwa hawayajui. Ningeambiwa mapema, ningeacha siku ile ile. Hakuna aliyewahi kuniambia."

Mzee Odilo alikuwa anafunika keni. Akasita.

"Hakuna?" aliuliza.

Nikakohoa.

"Mimi ndiye ninayesimama pale langoni," aliwaambia akina mama, taratibu, kama mtu anayesoma kipimo. "Mwezi wa kumi nilimwambia huyu kijana, 'Toa fowili, tairi zinalia.' Wiki iliyofuata nikamwambia tena. Nusu ya watu wa kituo walisikia. Akanijibu, 'Mzee, wewe pima maziwa, gari niachie mimi.'"

Wanawake wote wakanigeukia. Mama yangu ndiye aliyegeuka wa mwisho.