Mama Mkwe Aliyemtambua Marehemu

"Bi Raudha, mumeo kalipwa pesa za serikali ambazo hakustahili. Zinatakiwa zirudi."

Nikacheka. Jamani, nilicheka kweli. Nassibu wangu nilishamzika tangu mwaka juzi, hapa hapa Mtoni.

Aliyeniambia hivyo ni Jovina, afisa wa pensheni, kasimama mlangoni kwangu na mjumbe.

"Dada, mume wangu ni marehemu."

"Tumejua juzi, mama. Ila pensheni imetoka mpaka mwezi uliopita. Isiporudi, nyumba hii ya urithi inaingia kwenye deni."

Shemeji yangu Badru alikuwa sebuleni, anakunywa chai yangu. Huyu ni mdogo wake Nassibu, tumbo moja, sura moja. Nikamgeukia anitetee.

"Mie sijui lolote," akasema. "Kadi ya benki si anayo shemeji?"

Wapendwa, hebu niwarudishe nyuma kidogo.

Nassibu alipofariki niliingia eda. Nikakaa ndani, sitoki, na Badru ndiye akawa miguu yangu. Nikamkabidhi cheti cha kifo, kadi na namba ya siri, ili akaripoti msiba kwa watu wa pensheni. Akarudi akaniambia, "Nimemaliza, shemeji. Wameshafunga."

Kila Ijumaa akawa analeta mchele na samaki. Nikamsifia mtaa mzima! Eda ikaisha, kadi sikuiulizia. Ningeanzaje kumhoji mtu anayenilisha? Kumbe nilikuwa nakula pensheni ya mume wangu, shukrani anapewa mwizi.

Nikaongozana na Jovina mpaka ofisini. Akanionyesha picha ya uhakiki wa wastaafu wa mwaka jana. Alikuwa Badru, kavaa miwani ya marehemu, ndevu kazipaka nyeupe.

"Vidole vilikataa kusoma kwenye mashine," Jovina akasema. "Lakini alikuja na mama yake mzazi. Mama akaapa kuwa huyu ni mwanawe. Nani angembishia?"

Mama... Bi Tunu, mkwe wangu! Mwaka jana alikuwa bado anatembea. Sasa hivi namwogesha na kumlisha mwenyewe, chumba cha pili kutoka changu.

Nilimkuta kitandani na tasbihi yake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba."

"Uliwaambia Badru ndiye Nassibu?"

Akanitazama bila haya. "Waliniuliza kama ni mwanangu. Kwani si mwanangu?"

"Mama, nyumba inakwenda. Tutalala wapi?"

"Nyumba utaipata kwa mume mwingine. Mie mtoto sipati tena. Waambie kadi ulikuwa nayo wewe. Mjane watamhurumia."

Nililia mpaka kichwa kikauma. Kulipokucha nikaenda polisi nikasema ukweli wote. Badru sasa ni mahabusu kule gereza la Ukonga, deni kabebeshwa yeye, na nyumba imepona.

Dada zangu, eda haimkatazi mtu kushika kadi yake wala kuuliza mambo yake. Ulizeni, hata kama mnaonea haya.

Mama hana pa kwenda, kwa hiyo bado yuko kwangu. Salamu zangu haitikii, ila chakula changu anakula. Akishiba, anainua mikono na kumwomba Mungu kwa sauti, ili nisikie, anilipe kwa nilichomtendea mwanawe.

Naitikia amina, kisha natoa sahani.